Kabla ya Kununua Skrini Tatu
Mwenye kibanda cha gemu Musoma, Bunda au Butiama anayetaka skrini tatu kwa michezo ya udereva, tunamshauri aanze kukagua nyuma ya kompyuta yake. Kadi ya picha sharti iweze kutoa picha tatu tofauti kwa wakati mmoja. Kigawanyio cha waya cha bei nafuu, ambacho huuzwa kwa maneno matamu, hurudia picha ileile katika kila skrini, hakipanui barabara. Aidha, skrini tatu za pikseli 1920 kwa 1080 huidai kadi pikseli 5760 kwa 1080, yaani mara tatu ya kazi. Kadi dhaifu itakwamakwama. Zijaribiwe zote pamoja, mchezo ukiendeshwa, kabla ya malipo. Risiti ya EFD idaiwe papo hapo.