Kabla ya mafuta, wao ndio waliokuja kwetu

Mwezi uliopita, baada ya swala ya Alasiri, mama mmoja anayeuza ndizi katika soko letu la hapa Kwa Sadala alinisubiri nje ya msikiti. Nikamwamkia, akaitikia, kisha akasema: "Ustadhi, wewe umesoma mpaka chuo kikuu, naomba unisaidie. Binti yangu amemaliza kidato cha nne. Kuna mtu anataka kumpeleka Muscat kufanya kazi za ndani. Ile ni nchi ya Waislamu, Mwenyezi Mungu amewapa mafuta kwa sababu ya dini yao. Nikimkatalia si nitakuwa nimemzibia riziki?"

Sikumjibu pale pale. Nilimuomba anipe wiki moja. Kilichonisumbua si safari peke yake, bali kauli ile kwamba mafuta ni zawadi ya dini. Kauli hiyo naisikia hata darasani ninapofundisha Elimu ya Dini ya Kiislamu, tena kutoka kwa vijana wenye akili nzuri. Kwa hiyo nimeona niandike jibu langu hapa, kwani wazazi wenye swali kama la mama yule ni wengi.

Kwanza, mafuta hayachagui dini. Yapo Norway, yapo Texas, yapo Venezuela. Bangladesh ina Waislamu wengi kuliko nchi zote za Ghuba zikijumlishwa, na haina utajiri huo. Hata katika Saudi Arabia yenyewe, mafuta hayakupatikana Makkah wala Madina. Yalipatikana mwaka 1938 huko Dammam, pwani ya mashariki, zaidi ya kilomita 1,000 kutoka kwenye Al-Kaaba. Kabla ya hapo hazina ya Mfalme Abdulaziz ilitegemea sana ada za mahujaji. Uchumi wa dunia ulipoporomoka kuanzia mwaka 1929 mahujaji wakapungua mno, mfalme akaelemewa na madeni, na mwaka 1933 akatia saini mkataba na kampuni ya Kimarekani, Standard Oil of California. Maana yake ni kwamba mzee wa Kiafrika aliyeuza ng'ombe ili aende Hija alikuwa miongoni mwa waliokuwa wakiiendesha hazina ile. Hili vijana wetu hawafundishwi.

Turudi Oman, maana ndiko binti anakotakiwa kwenda, na ndiko historia yetu iliko.

Sayyid Said bin Sultan alipohamishia makao yake Zanzibar katika karne ya 19, alifuata utajiri. Karafuu, pembe za ndovu na, ni lazima tuseme, biashara ya watumwa, vilikuwa huku. Alipofariki mwaka 1856 wanawe wakagombania urithi, na mwaka 1861 Lord Canning, mtawala wa Kiingereza kule India, akaamua kwamba Zanzibar itengane na Oman, lakini Zanzibar iilipe Muscat reale 40,000 kila mwaka. Sababu ni nini? Zanzibar ndiyo iliyokuwa tajiri! Sultani Barghash aliwawekea watu wa mjini Zanzibar maji ya mabomba, akajenga Beit al-Ajaib mwaka 1883. Nguvu zake zilifika hata huku mlimani: mwaka 1885 alimtuma Jenerali Mathews, na Mangi Rindi wa Moshi akaipokea bendera ya Sultani, kabla Wajerumani hawajaja na mkataba wao muda mfupi baadaye.

Hali hiyo iliendelea kwa miaka mingi. Waomani maskini, tuliowaita Wamanga, walikuja na majahazi ya kaskazi wakafungua vijiduka vijijini, wengine wakaingia bara. Walikuja kutafuta riziki, kama binti huyu anavyotaka kwenda kuitafuta kwao leo.

Kisha yakaja Mapinduzi ya Januari 12, 1964. Wengi waliuawa, maelfu wakakimbia. Jambo ambalo watu wengi hawalijui ni kwamba Sultani Said bin Taimur wa Oman hakuwa na hamu ya kuwapokea ndugu zake hao, na wengi waliishia Dubai, Kuwait, Cairo na Uingereza. Oman ilianza kuuza mafuta nje mwaka 1967. Je, neema ilishuka siku hiyo? Hapana. Mpaka Julai 1970, Qaboos alipompindua baba yake, nchi nzima ilikuwa na shule za kisasa 3 tu, na barabara ya lami ya kilomita 10 hivi. Miaka mitatu mafuta yalikuwa yakiuzwa na watoto hawana madarasa.

Qaboos akatoa mwito kwa Waomani walio nje warudi kujenga nchi. Hapo ndipo wale wa Zanzibar walipopata nafasi. Wengi wao hawakujua Kiarabu vizuri, na walikejeliwa kwa hilo, wakiitwa "Wazanzibari" kana kwamba ni wageni. Lakini walikuwa na cheti cha sekondari na Kiingereza. Wakaingia katika wizara, katika kampuni ya mafuta, hospitalini na mashuleni, na wanawake wao walikuwa miongoni mwa wa kwanza kukaa maofisini. Ndiyo maana mpaka leo ukiwa Muscat unaweza kununua, kuuliza njia na hata kugombana kwa Kiswahili. Kilichowanyanyua ni shule zilizojengwa Zanzibar kabla ya mafuta.

Na sisi je? Mwaka 1973 Tanzania ilivunja uhusiano na Israel wakati wa vita vya Oktoba, ikisimama na Waarabu. Bei ya pipa ikapanda kutoka dola 3 hivi hadi karibu 12 kufikia Januari 1974, na sisi tukalipa bei hiyo hiyo. Baba yangu hunisimulia miaka ambayo magari binafsi yalipigwa marufuku kutembea Jumapili kuanzia saa nane mchana. Waarabu walianzisha benki ya kuikopesha Afrika, BADEA, lakini mkopo ni mkopo. Sisemi hawakutoa kitu. Dk. Abdulrahman Al-Sumait wa Kuwait alitumia umri wake kuchimba visima na kujenga shule Afrika, na chuo cha Chukwani, Zanzibar, kilichoanzishwa mwaka 1998, ni matunda ya taasisi yake. Allah amrehemu.

Lakini mafuta hayo hayo yalijenga nyumba kubwa zinazohitaji watumishi. Ripoti ya Human Rights Watch ya Novemba 2017 iliwahusu hasa mabinti wa Kitanzania walioko Oman na Falme za Kiarabu: kunyang'anywa pasi, kufanyishwa kazi usiku na mchana, kunyimwa mishahara, kupigwa. Wapo wanaopata mabosi wema, nami nimewaona waliorudi wakajengea wazazi wao. Ila mfumo wa kafala unamfunga mtumishi kwa mwajiri wake, na wema wa mtu mmoja si mkataba.

Wiki ilipokwisha nilimfuata yule mama sokoni. Nikamwambia waliofaidika na Oman ya mafuta walikwenda na elimu na undugu, na walipewa uraia. Binti yake ataingia na nini mkononi? Nikamtaka amwombe yule wakala mkataba ulioandikwa, jina la mwajiri, na uthibitisho kwamba ubalozi wetu unaujua. Alikwishaomba, akasema, na tangu siku hiyo wakala hapokei simu.

Akanyamaza kidogo akipanga ndizi zake, kisha akaniuliza ada ya chuo cha VETA Moshi ni shilingi ngapi. Ijumaa hii nimeomba dakika kumi mbele ya kamati ya msikiti, na nitakwenda na karatasi yenye hesabu hiyo.