Usijiuzulu kwa Hasira

Afisa wa serikali akipokea barua ya kumzuia kazini, ushauri wa kwanza huutoa rafiki yake, tena kwa nia njema: "Andika ya kujiuzulu, uondoke na heshima yako." Kabla ya kuishika kalamu, soma kwanza Sheria ya Pensheni ya Kenya, Sura ya 189. Kwa wanaolindwa na sheria hiyo, anayejiuzulu kabla ya umri wa kustaafu hupoteza pensheni. Anayefutwa kazi naye huipoteza. Anayestaafishwa kwa maslahi ya umma anaweza kulipwa. Wote watatu wametoka kwa mlango mmoja, lakini mmoja tu ndiye mwenye tumaini la kulipwa, na kinachowatenganisha ni neno lililoandikwa kwenye barua.

Tuangalie ni fedha kiasi gani. Tuseme umefanya kazi miaka 30, yaani miezi 360, na mshahara wako wa msingi mwishoni ni shilingi 60,000 kwa mwezi. Mshahara wa mwaka ni 720,000. Zidisha kwa 360, gawanya kwa 480, upate 540,000. Hiyo ndiyo pensheni ya mwaka. Ukichagua kuchukua robo yake kwa mkupuo, robo hiyo ya 135,000 huzidishwa mara 20, nawe unaondoka na kiinua mgongo cha shilingi 2,700,000, kisha 33,750 kila mwezi. Sahihi iliyotiwa kwa hasira alasiri moja inaweza kufuta hesabu hiyo yote.

Rudi sasa kwenye barua uliyopewa. Isome polepole, kwa maana watu huchanganya mambo mawili. Kuna kuzuiwa kazini kwa muda, kule ambako maofisini huitwa intadiksheni, wakati tuhuma zinazoweza kumfukuzisha mtu zikichunguzwa au kesi ya jinai ikiendelea. Hapo taratibu za Tume ya Utumishi wa Umma zinakupa angalau nusu ya mshahara wa msingi, marupurupu ya nyumba kamili na bima ya matibabu. Kusimamishwa kazi ni kuzito zaidi: mshahara wa msingi unakatika, ila marupurupu ya nyumba na bima vinabaki. Mhasibu akikukatia vyote, amekosea, na umwandikie. Walimu wana kanuni zao chini ya Tume ya Huduma kwa Walimu (TSC), kwa hiyo wasitumie vipimo hivi bila kuangalia zile.

Aliyeshtakiwa kortini kwa ufisadi ana kifungu chake mahsusi, cha 62 katika sheria ya mwaka 2003 ya kupambana na ufisadi na uhalifu wa kiuchumi. Anasimamishwa kwa nusu mshahara kuanzia siku ya kushtakiwa, na kusimamishwa huko kunakoma akiachiliwa huru au kesi ikiondolewa. Sheria inataka kesi hiyo iamuliwe ndani ya miezi 24. Wanaozifuata kesi hizi kortini wanajua jinsi miezi hiyo inavyovutika.

Zote mbili, intadiksheni na kusimamishwa, si hukumu. Bado wewe ni mtumishi. Unatakiwa kuripoti kwa mkuu wako kwa vipindi mlivyokubaliana, kwa hiyo usipande basi la kwenda mashambani ukidhani ni likizo. Utaonekana umetoroka kazi, nalo ni kosa jipya. Na mwisho wa yote, usipofutwa wala kuadhibiwa, unarudishiwa mshahara wote uliozuiliwa.

Sheria ya Pensheni yenyewe ni kali. Kifungu cha 5 kinasema wazi kwamba hakuna afisa mwenye haki kamili ya pensheni. Ndiyo maana vita vyako si vya kudai fedha kwanza, ni vya utaratibu. Ibara ya 236 ya Katiba inakataza afisa wa umma kufutwa, kushushwa cheo au kuadhibiwa bila kufuata sheria. Kifungu cha 41 cha Sheria ya Ajira ya 2007 kinamtaka mwajiri akueleze tuhuma kwa lugha unayoielewa na akusikilize ukiwa na mfanyakazi mwenzako au mwakilishi wa chama uliyemchagua mwenyewe. Kwa hiyo jibu barua ya kutakiwa kujieleza ndani ya muda uliopewa, omba nakala za ushahidi kwa maandishi, na uweke nakala ya kila karatasi nyumbani, si kwenye droo ya ofisi ambayo huenda usiifungue tena.

Walioingia katika mfumo mpya wa uchangiaji ulioanza Januari 1, 2021 wana hali tofauti. Humo mtumishi hukatwa asilimia 2 mwaka wa kwanza, 5 wa pili, kisha 7.5, na serikali hutia asilimia 15. Waliokuwa na umri wa chini ya miaka 45 waliingizwa moja kwa moja. Wa 45 na zaidi walipewa hiari. Hakikisha uko upande gani kabla ya kuiga hesabu ya mwenzako.

Ukifutwa, usikimbilie kortini. Ukiwa mtumishi wa kaunti, kifungu cha 87 cha Sheria ya Tume ya Utumishi wa Umma ya 2017 kinakutaka umalize kwanza rufaa kwa Tume, na Mahakama ya Rufaa ilisema hivyo hivyo mwaka huo huo. Rufaa hiyo hukatwa kwa maandishi, chini ya kifungu cha 77 cha Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012, ndani ya siku 90. Siku hizo huhesabiwa kuanzia tarehe ya uamuzi.