Somo la Mwezi: Amri ya Matunzo Iliyotolewa Usipokuwapo

Mwezi huu tujifunze jambo liletalo fadhaa katika nyumba nyingi. Mtu arudi safari na kukuta mahakama imekwisha kuamuru atoe fedha za matunzo kila mwezi, naye hakusema hata neno moja mbele ya hakimu. Afanye nini?

Tuchukue mfano. Mume wa Muheza amekwenda kufanya kazi Mtwara. Miezi yapita, wala haleti kitu nyumbani. Mkewe aenda Mahakama ya Mwanzo kudai matunzo. Samansi, yaani hati ya kumwita mume shaurini, yapokewa na mdogo wake, naye aichomeka kwenye makuti ya paa na kuisahau. Siku ya shauri mdaiwa hayupo. Hakimu, akiridhika kwamba mume ameitwa, asikiliza ushahidi wa mke na kutoa amri.

Je, mke amekosa? La. Njaa ya watoto haingoji basi la kutoka Mtwara. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, itumikayo Tanzania Bara, yamtaka mume amtunze mkewe na watoto wake. Hata mke mwenye uwezo aweza kuamriwa kumtunza mume asiyeweza kujipatia riziki kwa sababu ya ugonjwa au kuumia. Lakini si haki pia mtu ahukumiwe bila kusikilizwa. Nikodemo aliwakumbusha wakuu wenzake jambo hilo hilo. Kwa hiyo sheria imeacha milango mitatu.

1. Kuomba amri itenguliwe. Ombi hili hupelekwa katika mahakama ile ile iliyotoa amri. Kwa Mahakama za Mwanzo, kanuni za mwaka 1964 zataja sababu mbili: kwamba mdaiwa hakufikishiwa samansi ipasavyo, au kwamba alizuiwa na sababu ya kutosha asihudhurie. Neno tupu halitoshi. Alete barua ya mwajiri, cheti cha hospitali, tikiti ya safari, au mdogo wake mwenyewe aje aeleze. Ombi likikubaliwa, deni halikufutwa. Shauri lasikilizwa upya, pande zote mbili zikiwapo. Hakimu aweza pia kuweka masharti.

2. Kuomba amri ibadilishwe. Sheria ya Ndoa yaruhusu hivyo ikiwa amri ilitokana na maelezo ya uongo au makosa juu ya mambo yalivyo, au ikiwa hali imebadilika sana. Tuseme mahakama iliambiwa kwamba mume ni msimamizi, kumbe ni kibarua. Au amepoteza kazi baadaye. Mlango huu ni wa wote wawili: mke naye aweza kuomba kiwango kiongezwe.

3. Kukata rufaa katika mahakama ya juu. Hapa tahadhari: mahakama ya rufaa hutazama zaidi yaliyoandikwa katika shauri la kwanza, na ambaye hakuwapo hana ushahidi wake humo. Ndiyo sababu mara nyingi yafaa kuanza na mlango wa kwanza.

Milango yote hii ina siku zake, nazo hazimngoji mtu. Siku ile ile upatapo habari, nenda kwa karani wa mahakama, omba nakala ya amri, na uulize siku zilizobaki. Wala usidhani kwamba kupeleka ombi kwasimamisha amri. Kusimamishwa huombwa, na mwenye kuamua ni hakimu. Anayekaa kimya huenda akaona mali yake ikikamatwa.

Tangu Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009, matunzo ya watoto yana utaratibu wake. Mahakama hutazama mapato na mali za wazazi wote wawili, watoto wengine wanaowategemea, na gharama za maisha mahali wanapoishi. Basi mwenye kipato kidogo asiogope kufika na kukisema.

Tufahamu neno moja kubwa. Mahakama yampa aliyekosekana nafasi ya kusikilizwa, haimpi nafasi ya kutoroka wajibu. Shauri likiendelea, watoto wanakula kila siku. Mume mwenye busara hupeleka anachoweza, hutunza stakabadhi, kisha husimama mbele ya hakimu na mikono safi. Mke naye aitaje anwani ya kweli ya mumewe kama anaijua, maana amri iliyopatikana kwa kumficha mtu ni nyumba iliyojengwa mchangani.

Maswali ya kujadiliana:

(a) Ukipokea samansi ya ndugu yako aliye mbali, wajibu wako ni nini?

(b) Kuna tofauti gani kati ya kutengua amri na kuibadilisha?

(c) Jirani wawezaje kuwasaidia watoto wakati wazazi wao wangali mahakamani?