Sauti ni Kazi: Niliyojifunza kwa Siti, Lilli na Bi Kidude

Naimba taarab kwenye harusi za mwambao wetu, Saadani, Mkwaja, mpaka Bagamoyo mjini. Walionishika mkono ni wengi, lakini hapa nitawataja watatu ambao hawakunijua. Siti binti Saad, mwimbaji wa taarab wa Unguja, alifariki mwaka 1950. Bi Kidude, naye mwimbaji wa Unguja, nilimwona jukwaani kwa mbali. Wa tatu ni Lilli Lehmann, Mjerumani aliyezaliwa Würzburg mwaka 1848, mwimbaji wa opera wa sauti ya soprano, ambayo wanakwaya wetu huiita sauti ya kwanza. Habari zake nilizipata kwa mwalimu mmoja Mjerumani aliyepita Bagamoyo kufundisha uimbaji. Alinisikilizisha kwenye simu sahani za santuri za zamani za Lehmann, mikwaruzo mitupu, na ndani ya mikwaruzo hiyo mwanamke anapanda juu bila kuhema.

1. Jifunze kuimba kama umeme haupo

Harusi za vijijini zinategemea jenereta, na jenereta hupenda kuzima bibi harusi anapoingia. Wenye bendi hukimbilia nyaya. Mimi naendelea kuimba, maana watu wakishakaa kimya dakika mbili, shughuli imepoa na haipati moto tena. Waimbaji wa opera kwa kawaida hawatumii kipaza sauti: mtu mmoja anaimba mbele ya wapiga vyombo wengi, na aliye kiti cha nyuma kabisa anamsikia. Siti naye alianza kuimba wakati ambao vipaza sauti havikuwepo.

Yule mwalimu alinionyesha kwamba nguvu hiyo haitoki kooni. Unaivuta pumzi mpaka mbavu za pembeni zifunguke, mabega yakae chini, kisha unaitoa kidogo kidogo huku tumbo likiizuia isikimbie. Noti ya juu inataka pumzi iliyotulia. Ukiisukuma kwa nguvu inapasuka. Mazoezi nayafanya ufukweni wakati wa kusi, uso nikiuelekeza baharini, ubeti mmoja kwa pumzi moja. Upepo ule haumwonei mtu huruma. Ukiweza kujisikia mwenyewe pale, ukumbini ni mteremko.

2. Wimbo mzito usubiri

Lehmann alipanda jukwaani Prague mwaka 1865, hajafika miaka 17, akacheza sehemu ya mtoto katika opera ya Mozart. Mwalimu wake alikuwa mama yake mzazi, naye mwimbaji. Mwaka 1876, mtunzi Wagner alipofungua jumba lake la opera Bayreuth, Lehmann alikuwemo, lakini kwa sehemu ndogo: binti wa mtoni, na sauti ya ndege asiyeonekana. Sehemu kuu ya Isolde katika opera nyingine ya Wagner, mzigo wa saa kadhaa, alikuja kuiimba New York mwaka 1886. Hesabu mwenyewe miaka iliyopita hapo katikati.

Kwetu binti ana miaka kumi na nane, sauti nyembamba nzuri, anapewa nyimbo za mipasho azipigie kelele usiku kucha juu ya kinanda na gitaa la besi. Baada ya misimu michache ana sauti ya kukoroma, na watu wanasema amerogwa. Hajarogwa. Amepewa mzigo wa mtu mzima kabla ya wakati, na waliompa wako mbioni kutafuta binti mwingine.

3. Bei kwanza, kutuzwa baadaye

Lehmann alikaa New York kupita ruhusa aliyopewa na opera ya Berlin, na majumba ya Ujerumani yakamfungia milango. Alisamehewa na Kaizari Wilhelm II mwaka 1891. (Kaizari huyo huyo ndiye ambaye majeshi yake yalipigana na mtawala wetu Bwana Heri bin Juma hapa Saadani mwaka 1889. Kwa waimbaji alikuwa mpole zaidi.) Lehmann alikuwa na jina la kumvusha. Sisi tuna daftari: tarehe, saa za kuimba, nauli, nusu ya malipo kabla ya kupanda gari. Pesa za kutuzwa ni furaha ya mwenye kutuza, usizipangie kodi ya nyumba.

4. Maneno ndiyo yanayolipwa

Hapa Siti ndiye mwalimu. Alizaliwa Fumba, akapewa jina Mtumwa, akatembeza vyungu kabla ya kuhamia mjini. Taarab ya wakubwa siku hizo iliimbwa kwa Kiarabu. Yeye akaiimba kwa Kiswahili, na mwaka 1928 akasafiri na wenzake hadi Bombay kurekodi sahani za kampuni ya HMV. Wasichana wa jikoni na wachukuzi wa bandarini wakasikia mambo yao yanaimbwa.

Soprano ana tatizo ambalo yule mwalimu Mjerumani hakulificha: akifika juu sana, irabu zote zinaanza kufanana, neno linapotea. Opera inaweza kuvumilia hilo, kwani siku hizi wanaonyesha tafsiri juu ya jukwaa. Taarab haivumilii. Mama aliyekuja na noti mkononi anasubiri neno la kumchoma jirani yake, na asipolisikia anarudisha pesa kwenye pochi. Kwa hiyo fumbo lenyewe naliweka sauti ya katikati, wazi, kila silabi mahali pake, na juu naenda kwa "a" ndefu isiyo na siri yoyote.

5. Uzee una bei yake

Lehmann alirekodi sahani zake akikaribia miaka 60. Bi Kidude alipewa tuzo ya WOMEX, maonyesho ya muziki wa dunia, mwaka 2005, bibi kizee mwenye sauti iliyokwaruzwa na sigara, na alipofariki Aprili 2013 hakuna aliyekuwa na hakika ya umri wake. Sauti ile haikuwa laini, na yeye hakujifanya kwamba ni laini. Aliimba na alichobaki nacho.

Kwa hiyo namwambia mpiga kinanda anishushie ufunguo, mbele ya watu, bila kunong'ona. Anayetaka wimbo ule ule kwa juu kama zamani, binti yangu anauimba. Bei yetu ni moja.