Somo: Ngazi Moja Ikiondolewa, Kazi Zake Hubaki kwa Nani?

Tarehe 24 Februari 2021, Rais John Magufuli aliivunja Halmashauri ya Jiji la Dar es Salaam na kuipandisha Manispaa ya Ilala kuwa jiji. Tangu mwaka 2000 kulikuwa na ngazi mbili: manispaa zenye kata na wananchi wake, na juu yake halmashauri ya jiji, iliyosimamia mambo ya pamoja kama vile dampo la Pugu na kituo cha mabasi ya mikoani.

Waliounga mkono hatua hiyo walisema kwamba ngazi ya juu haikuwa na eneo lake yenyewe, madiwani wake walitoka katika manispaa zilezile, na gharama za vikao zilipunguza fedha za maendeleo. Hoja hiyo ina uzito. Hata hivyo, taka na mafuriko ya Bonde la Msimbazi havitambui mipaka ya manispaa. Ngazi inaweza kufutwa kwa siku moja. Kazi zake hazifutiki.

Historia inatufundisha vivyo hivyo. Mwaka 1972 serikali za mitaa zilifutwa nchini chini ya mpango wa Madaraka Mikoani. Huduma za miji zilizorota, na mamlaka za miji zikarejeshwa mwaka 1978. Halmashauri za wilaya zilirudi kwa sheria za mwaka 1982 na kuanza kazi mwaka 1984.

Hapa kwetu hali ni tofauti. Wilaya ya Tarime ina halmashauri mbili, ya Wilaya na ya Mji, lakini hakuna iliyo juu ya nyingine. Kila moja ina kata zake. Wilaya ya Serengeti ina halmashauri moja, yenye makao yake Mugumu. Lakini Mto Mara, tembo waharibuo mashamba na magonjwa ya mifugo huvuka mipaka hiyo yote. Kwa hiyo ushirikiano wa halmashauri ni wa lazima.

Mkutano mkuu wa kijiji hufanyika kila baada ya miezi mitatu. Mwananchi aulize humo mambo matatu: Huduma hii ni jukumu la ngazi ipi? Fedha zake zinapitia wapi? Nani atawajibika isipofanyika? Mabadiliko yoyote ya muundo yapimwe kwa majibu hayo.