Kumbadilisha Mratibu wa Harusi: Busara au Hasira?



Wapendwa vijana, somo letu la leo ni fadhila ya busara. Najua neno hili linasikika kama la wazee, lakini tulilete kwenye jambo linalotuhusu kabisa: harusi.

Siku hizi vijana wengi wa Dar es Salaam wanatamani kufungia ndoa Zanzibar. Ni pazuri, na Kanisa Kuu la Mtakatifu Yosefu lipo palepale Mji Mkongwe, lile wenyeji wanaloliita Minara Miwili. Lakini kuandaa shughuli ng'ambo ya maji si mchezo, ndiyo maana watu wanaweka mratibu. Sasa mratibu akianza kusuasua, mnafanyaje? Mnamvumilia au mnamtoa?

Binamu yangu alifikishwa hapo zikiwa zimebaki wiki sita. Mratibu alikuwa hapokei simu, na akijibu ni "usijali dada, kila kitu kipo sawa." Kisha hoteli ikapiga: malipo ya awali ya ukumbi hayajaingia. Na pesa ile ilikuwa michango ya ndugu, majirani na wanajumuiya. Shangazi akataka kijana yule afukuzwe usiku uleule na jina lake lisambazwe kwenye magrupu ya WhatsApp. Bwana harusi mtarajiwa naye akasema tuvumilie tu, mwingine tutampata wapi? Mimi nilikuwa katibu wa kamati, wakaniuliza.

Mtakatifu Thomas wa Akwino anafundisha kwamba busara ina matendo matatu: kutafuta shauri, kuhukumu, na kutekeleza. Twende nayo moja moja.

1. Tafuta shauri: ujue ukweli kwanza

Katika Luka 14:28-30 Yesu anamtaja mtu anayetaka kujenga mnara: anakaa kwanza, anapiga hesabu. Basi kaeni. Andikeni nani kalipwa, kiasi gani, stakabadhi iko wapi. Pigeni simu wenyewe kwa hoteli, mpambaji, mpishi na wa usafiri. Msiamue kwa tetesi.

Halafu tenganisheni sakramenti na sherehe. Cheti cha ubatizo, mafundisho ya ndoa, matangazo, kibali cha paroko wako cha kufunga ndoa parokia nyingine: hayo ni yenu wawili na Kanisa, usimwachie mratibu. Na kama mratibu anawaahidi kwamba padre atafungisha ndoa ufukweni, ulizeni parokiani kabla ya kulipa. Kanuni ya 1118 inataka ndoa ya Wakatoliki wawili ifungwe katika kanisa la parokia. Nje ya kanisa au kikanisa ni mpaka mamlaka ya Jimbo iruhusu.

Binamu yangu alipokagua, karatasi zote za Kanisa zilikuwa tayari, maana alizifuatilia mwenyewe. Kumbe hata mratibu akitoweka, ndoa ipo! Kilichokuwa hatarini ni ukumbi na pesa za watu. Ni jambo zito, ila lina ukubwa wake, na hofu ikishajua ukubwa wake inatulia.

2. Hukumu: si kwa ghadhabu, si kwa woga

Mtakatifu Ignas wa Loyola anashauri tusibadili maamuzi wakati roho imevurugika. Hasemi tukae tu. Lala, sali, kisha amua asubuhi.

Mathayo 18:15-17 inatupa utaratibu: mkosaji anaonywa kwanza faraghani, asiposikia unakwenda na shahidi mmoja au wawili. Na ule mtini wa Luka 13:6-9 uliongezewa muda, lakini muda wenye mwisho. Kwa hiyo wachumba walionana na mratibu uso kwa uso, wakampa siku saba alete stakabadhi zote.

Hapa kuna kipimo. Aliyezidiwa na kazi, au anayeuguza nyumbani, anaweza kusaidiwa. Mgawieni mtu sehemu ya kazi. Mzembe anaweza kujirekebisha akiambiwa ukweli. Lakini anayewadanganya kuhusu pesa ameondoa msingi wenyewe wa kazi yenu. Kumwacha huyo si ukatili.

3. Tekeleza: kwa haki

Siku ya saba alileta stakabadhi za mapambo na boti. Ya hoteli hakuna. Akakiri kwamba pesa ile aliziba pengo la harusi nyingine. Wakaamua kuachana naye.

Lakini waliachana vipi? Katekisimu, namba 2410, inasema mikataba inapaswa kuheshimiwa. Kazi aliyoifanya kweli ilihesabiwa akalipwa, maana Yakobo 5:4 inaonya juu ya ujira uliozuiliwa. Pesa ya hoteli akaandika kuirudisha kwa awamu, mbele ya mashahidi wawili. Kusamehe si kufuta deni la watu wengine waliochanga. Kamati nayo ikaelezwa wazi, kwa kuwa ni haki yao. Wageni wakapunguzwa, na dada mmoja wa Unguja akamalizia maandalizi.

Na magrupu je? Jina halikusambazwa. Katekisimu, namba 2477, inaita umbea wa namna hiyo dhambi: kufichua makosa ya mtu bila sababu ya haki. Ila wachumba wengine wakikuuliza kabla hawajampa pesa, hiyo ni sababu ya haki. Sema ulichokiona, usiongeze chumvi.

Kumbukeni Kana (Yohana 2:1-11). Divai ilipoisha, Mama Maria hakumsema mtu ukumbini. Alimwambia Mwanae, kisha akawaelekeza watumishi. Wageni wengi hata hawakujua.

Maswali ya kutafakari

1. Nikikasirika, nani huwa wa kwanza kusikia: Mungu, mhusika, au grupu?
2. Je, kuna mtu ninayemvumilia kwa woga na kuuita upendo?
3. Pesa za watu zilizo mikononi mwangu, naweza kuzitolea hesabu leo?

Tusali: Ee Bwana Yesu, uliyekubali kualikwa harusini, uwape wachumba wote macho ya kuona ukweli, moyo wa haki na ulimi wenye kiasi. Nyumba wanazojenga zisianze kwa dhuluma wala kwa kisasi. Amina.