Chuo cha Maendeleo ya Wananchi ni chuo cha namna gani?

Swali: Binti aliyeacha shule akiwa kidato cha pili, sasa ana mtoto, anaweza kusoma chuo cha maendeleo ya wananchi? Kwa mkazi wa Kisesa kilicho karibu ni kipi?

Jibu: Vyuo hivi vilianza Tanzania mwaka 1975 kwa msaada wa Sweden. Wazo lake lilizaliwa Denmark, ambako chuo cha kwanza cha wananchi kilifunguliwa Rødding mwaka 1844: watu wazima wa vijijini wasome bila kuhangaishwa na cheti. Tanzania iliongeza ufundi, na ndio unaowavuta wengi hadi leo: ushonaji, useremala, uashi, umeme, mapishi, kilimo na mifugo.

Kiwango cha kidato si kikwazo kikubwa. Programu ya Elimu Haina Mwisho iliwalenga hasa wasichana waliokatishwa masomo, wanaosoma sekondari na kujifunza ufundi pamoja. Vyuo kadhaa vina chumba cha kulelea watoto. Kengele ya mapumziko ikilia, mama anaacha cherehani, ananyonyesha, kisha anarudi kumalizia pindo. Hilo pekee limeokoa masomo ya wengi kuliko hotuba yoyote.

Kisesa iko wilayani Magu. Katika Mkoa wa Mwanza kuna chuo Malya, wilayani Kwimba, kando ya reli, na kingine Sengerema, ng'ambo ya Ghuba ya Mwanza. Tangu mwaka 2025 daraja la Kigongo–Busisi linalovuka ghuba hiyo limeondoa foleni ya kivuko. Ada na nafasi za bweni ziulizwe chuoni kwenyewe kabla ya kufunga safari.